Mshamba Hana Mtani

Nianze na ugomvi, maana nimeuweka moyoni muda mrefu na sasa umeanza kuchacha.

Ugomvi wangu ni na kichekesho cha mshamba. Unakijua, ndugu msomaji, wala huhitaji kuelezwa. Jamaa anashuka kwenye basi, kuku kwapani, suruali imeishia juu ya vifundo, mdomo wazi. Anaamkia kila anayepita. Anauziwa kipande cha sabuni ndani ya boksi la simu. Anagombana na kioo akidhani ni mtu. Penye "r" anaweka "l", na ukumbi mzima hoi. Akiulizwa katoka wapi, majibu hayazidi matatu: Tabora, Shinyanga au Kigoma. Basi, kimekwisha. Kichekesho hicho kilianzia jukwaani, kikaenda redioni, kikaingia kwenye kanda za video, kikahamia kwenye televisheni, na leo kimo ndani ya simu yako, dakika moja na nusu. Kimebadilisha nguo tu.

Na wanaokiandika ni sisi. Si wazee. Ni sisi vijana, wa kurasa kama hizi, tunaojiita waandishi chipukizi, tunaotaka siku moja tuitwe wasanii. Mchana tunaandika mashairi ya haki na usawa, usiku tunauza mshamba kwa sababu analipa. Halafu mtu akihoji, tunajibu wote kwa sauti moja: "Aah, si utani tu!"

Nasema la, si utani. Utani naujua, nimezaliwa Tabora, nimekulia ndani yake. Kichekesho cha mshamba ni kitu kingine, kina baba mwingine, na huyo baba anajulikana. Shahidi wangu ni mchekeshaji mmoja ambaye wengi wenu mnamjua kwa cheo kingine kabisa.

Muulize kijana yeyote wa kidato cha nne: Rashidi Mfaume Kawawa ni nani? Atakwambia Waziri Mkuu. Akiwa amesoma vizuri ataongeza Makamu wa Pili wa Rais, na pengine atalitaja lile jina la Simba wa Vita. Yote kweli. Lakini kabla ya vyeo hivyo mzee huyu alikuwa nyota wa filamu. Naam, nyota, na picha yake kwenye turubai kabla ya wengi wa baba zetu kuzaliwa.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya kikoloni ya Tanganyika ilitaka filamu za Kiswahili za kuwaonyesha Waafrika, ikazitengeneza kwa kutumia kampuni ya filamu ya Afrika Kusini. Kawawa, aliyezaliwa mwaka 1926 upande wa Songea, alikuwa kijana mtumishi wa serikali kwenye mambo ya ustawi wa jamii. Akapewa nafasi ya mbele. Alicheza katika Muhogo Mchungu, akacheza Chalo Amerudi, akacheza Meli Inakwenda. Inayotajwa zaidi ni hiyo ya kwanza, nayo ni ya kuchekesha. Muhogo Mchungu ni nani? Ni yule yule wa kwenye basi! Mtu wa shamba kaja Dar es Salaam, na mji unamchezea.

Sasa tazama kichekesho kilichomo ndani ya kichekesho. Kijana aliyepewa kazi ya kuwa mjinga alikuwa amepita Shule ya Serikali ya Tabora. Hiyo si shule ya mchezo. Waingereza waliianzisha katika miaka ya 1920 ili wapate watoto wa machifu na makarani wa kuendeshea nchi, na waliisifu kama walivyozisifu shule za mabwana za kwao. Nyerere alisoma hapo kuanzia mwaka 1937. Kwa hiyo mtu aliyenolewa Tabora, aliyejua Kiingereza, aliyejua ofisi, anaambiwa mbele ya kamera: jifanye huujui mji. Naye akajifanya, akajifanya vizuri.

Simlaumu. Mwigizaji ni mwigizaji, na kuigiza mjinga ni kazi inayotaka akili nyingi. Ninachouliza ni nani aliyeandika kile kinyago. Aliyekiandika hakuwa mtu wa shamba, wala hakuwa Mwafrika wa mjini anayewajua ndugu zake wa shamba. Kilitoka kwenye ofisi iliyokuwa na hofu yake: watu wanaingia mjini wengi mno, mji utawashinda, na wakizidi watatushinda sisi. Basi waonyeshe kwamba mji si wao. Wacheke, halafu warudi kulima. Ndiyo maana nasema kina baba mwingine.

Na wala hakikuwa mtoto wa kwanza. Wataalamu wetu wa sanaa za maonyesho, akina Penina Muhando, wameeleza jinsi vichekesho vilivyozaliwa wakati wa ukoloni, vikiwa vya kumcheka Mwafrika anayeshindwa kuuvaa ustaarabu wa Kizungu. Mwafrika aliyekwisha kuvaa viatu akimcheka ambaye bado. Filamu zikaja kulipiga chapa lile lililokuwepo, likawa kubwa kama ukuta.

Nivuke bahari kidogo, kwa sababu wako waliopita njia hiyo hiyo ya filamu na siasa wakafika kwingine. Madras, kusini mwa India, mwaka 1952 ilitoka filamu ya Kitamili iitwayo Parasakthi. Mwandishi wake alikuwa kijana M. Karunanidhi. Mwaka 1969 Karunanidhi akawa Waziri Kiongozi wa jimbo lake. Walikuwa pia na mchekeshaji wao mkubwa, N. S. Krishnan, aliyefariki mwaka 1957, mtu wa kuimba, kuigiza na kuchekesha, ambaye watu walimpa jina la Kalaivanar, naye alikuwa upande wa vuguvugu la Wadravidi. Aprili 2021 walimpoteza mwingine, Vivek, aliyetumia vichekesho kuupiga ushirikina na rushwa, hata watu wakamwita Kalaivanar Mdogo. Uzi ni mmoja tangu mzee hadi kijana. Mchekeshaji anacheka kwenda juu: anamcheka kuhani, anamcheka tajiri, anamcheka mla rushwa. Kwa nini? Kwa sababu kalamu ilikuwa mikononi mwao. Sisi tulikuwa na mwigizaji hodari miaka hiyo hiyo, lakini kalamu ilikuwa ya ofisi.

Na tofauti nyingine: Mtamili hawezi kukusimulia Karunanidhi akairuka Parasakthi. Sisi tunamsimulia Kawawa na kuiruka Muhogo Mchungu, kana kwamba ni jambo la aibu, ujana tu, mzee alikuwa anacheza cheza. Tunaona uchekeshaji si kazi ya mtu mzima. Halafu tunashangaa kwa nini vichekesho vyetu havikui!

Sasa turudi nyumbani Tabora, kwa sababu dawa ninayotaka kuwapa ilichimbwa huku.

Ile njia ya misafara ilianzia Bagamoyo, ikapita Ugogo, ikafika Unyanyembe, ndiyo hapa Tabora, kisha ikagawanyika: tawi moja Ujiji kwenye ziwa, tawi jingine kaskazini kuelekea Karagwe na Buganda. Waliobeba mizigo kwa sehemu kubwa walikuwa Wanyamwezi wenyewe, kwa ujira, kila mtu na mzigo wa kilo thelathini hivi, mwendo wa miezi. Kwao ilikuwa kazi ya sifa. Kijana aliyefika pwani akarudi alihesabiwa kuwa mtu mzima. Kabla ya reli kufika Tabora mwaka 1912, hao ndio waliokuwa reli.

Walipofika pwani waliitwaje? Washenzi. Waungwana wa pwani walikuwa na neno hilo moja kwa watu wote wa bara, na neno hilo ndilo babu yake mshamba. Mtu ametembea nchi nzima kwa miguu, anajua lugha nne, anajua bei ya pembe na bei ya kaniki, anajua mto upi unavukika mwezi upi, anaingia Bagamoyo anaitwa hajui kitu na mtu ambaye hajawahi kuvuka mto Ruvu!

Lakini njia ile haikuacha neno hilo litawale peke yake. Njiani kulizaliwa utani. Wanyamwezi na Wazaramo wakawa watani. Wanyamwezi na Wagogo, ambako misafara ililazimika kulipa hongo ili ipite, nao wakawa watani. Watu waliogombana, waliogopana, waliouziana na kupunjana, wakapata namna ya kutukanana bila kuuana. Jamani, hiyo ni akili kubwa kuliko mikataba mingi iliyosainiwa na watu wenye suti.

Utani una sheria. Ya kwanza: leo nakutukana mimi, kesho unanitukana wewe, na hakuna anayeruhusiwa kununa. Ya pili ni deni. Mtani anayekuja msibani kwako kufanya vituko, anayejilaza chini njiani akidai apewe kitu ndipo maiti ipite, huyo huyo ndiye mwenye wajibu wa kushika jembe na kuchimba kaburi. Mpagazi aliyefia ugenini alikuwa na watu wa kumsitiri, na watu hao walikuwa watani zake. Anayekucheka ndiye anayekuzika. Huwezi kumcheka mtu halafu ukasema humjui.

Mnataka mfano wa mjini? Simba na Yanga. Tunawaita watani wa jadi, na hapo neno limekaa mahali pake. Jumamosi Simba kafungwa, mtaa mzima wa Yanga hausemeki. Mechi ijayo Yanga kafungwa, anafunga dirisha mapema. Kila mmoja ana zamu yake. Sasa hebu fikiria ligi ambayo timu moja inafungwa kila siku, kila mwaka, kwa miaka sabini, na haina ruhusa ya kupiga shuti hata moja. Nani angeita hiyo mechi? Ndiyo ligi ya mshamba. Hana zamu. Mshamba hana mtani.

Miaka kadhaa nyuma nilikuwa Dar es Salaam, nikaandika igizo fupi kwa kikundi kimoja cha vijana. Wakalisoma, wakasema zuri, ila ongeza Kinyamwezi kidogo, yule mlinzi azungumze kama wa kwenu, watu wacheke. Nikauliza: na huyu mwenye nyumba, wa mjini, atachekwa ukurasa wa ngapi? Wakatazamana. Mmoja akanijibu kwa upole kabisa: "Huyo si wa kuchekwa, kaka, huyo ni mhusika wa kawaida." Sikuwahi kupewa maelezo mazuri zaidi ya hayo. Wa mjini ni mtu wa kawaida. Wa Tabora ni kichekesho hata akisema habari za asubuhi.

Utasema nakuza mambo, kicheko hakiui. Ngoja nikuonyeshe kinakokwenda.

Rudi kwa Kawawa. Baada ya filamu alikwenda kwenye vyama vya wafanyakazi, akawa Katibu Mkuu wa Shirikisho la Wafanyakazi wa Tanganyika lililoundwa mwaka 1955. Tarehe 22 Januari 1962, Nyerere alipojiuzulu uwaziri mkuu, aliyekabidhiwa kiti ni Kawawa. Yule aliyeonyeshwa kwenye turubai kuwa mji umemshinda, miaka kama kumi baadaye anakabidhiwa nchi. Hakuna mwandishi wa vichekesho angethubutu kuandika mwisho kama huo, maana ofisi isingelipia.

Januari 1967, akiwa Makamu wa Pili wa Rais, alitoa agizo kwamba shughuli za serikali ziendeshwe kwa Kiswahili. Hapo mimi nampa shikamoo ya magoti. Kwa agizo hilo mtu wa Sikonge au Urambo aliyeingia ofisini aliweza kusoma alichoandikiwa na kumjibu karani kwa lugha wanayoijua wote wawili. Hiyo ndiyo haki ya kujibu. Ndiyo sheria ya kwanza ya utani, imeingia serikalini.

Lakini Novemba 1973 Nyerere alitangaza kwamba watu wote wa vijijini wawe wamehamia kwenye vijiji kufikia mwisho wa 1976, na Waziri Mkuu wa miaka hiyo, tangu 1972 hadi 1977, alikuwa Kawawa huyo huyo. Mamilioni walihamishwa. Mahali pengine walihama kwa kupenda, mahali pengine waliona nyumba zao zikibomolewa. Sisemi filamu ndiyo iliyoleta operesheni; huo utakuwa uchawi. Nasema jicho ni lile lile. Ukishazoea kumtazama mkulima kama mtu asiyejua, anayepaswa kuonyeshwa, anayechekesha akipinga, siku ya kumwamuru hutamuuliza. Mtu asiye na zamu ya kujibu kichekesho hatakuwa na zamu ya kujibu amri. Na leo hatubomoi nyumba, lakini mradi ukifika kijijini, nani anaulizwa? Bwana kutoka mjini anashuka kwenye gari, anazungumza dakika arobaini, anapigiwa makofi, anaondoka. Yeye hajawahi kuchekwa na kichekesho chochote nilichokiona.

Kuna wanaonijibu kwamba lafudhi ni ya kuchekesha kwa asili, na kwamba nikiondoa lafudhi nimeua uchekeshaji wa Afrika Mashariki. Hapana. Lafudhi sina ugomvi nayo. Majirani zetu wa Kenya walikuwa na Mzee Ojwang wa Vitimbi, yaani Benson Wanjau, aliyefariki Julai 2015. Mkikuyu, aliyeigiza mzee wa Kijaluo kwa miaka na miaka, lafudhi na kofia na kila kitu, katika nchi ambayo makabila hayo mawili yana historia nzito kwenye siasa. Na Wajaluo wakampenda! Kwa nini? Kwa sababu Ojwang hakuwa mjinga wa kuokotwa. Alikuwa na hila zake, alipanga, alishikwa, aliumbuliwa na mkewe Mama Kayai, akajitetea, kesho akaanza upya. Alikuwa na watu wa kumjibu, naye aliwajibu. Ule ulikuwa utani halisi, na uliendeshwa na mtu aliyemtazama jirani yake vizuri kabla ya kumuigiza.

Na wetu King Majuto, Amri Athumani wa Tanga, aliyetutoka Agosti 2018? Mzee wake alikuwa mbishi, mchoyo, mjanja, mwenye makelele. Aliumbuka, kweli, lakini hakuna aliyetoka salama mbele yake. Wa mjini na wa shamba, tajiri na kijakazi, wote walipakwa tope moja. Ukimtazama Majuto unajicheka mwenyewe, maana mzee kama yule unaye nyumbani. Hiyo ndiyo tofauti, wala haihitaji chuo kikuu kuiona.

Basi tufanyeje? Mimi sitaki tuandike mshamba mtakatifu, mwenye hekima za mababu, anayetoa methali kila akifungua mdomo. Huyo naye ni kinyago, tena kinachosha. Sitaki pia mtu aache kucheka Tabora. Tucheke, tuna mengi ya kuchekwa, kwanza kiburi chetu cha maembe na asali.

Nataka zamu. Andika jamaa wa Sinza kashuka Tabora na miwani ya jua usiku. Mpe bibi amsalimie "mwangaluka" na asijue kama ni salamu au ni bei. Mwache abishane na muuza asali sokoni kwamba ile nzuri ni ya Dar, yenye lebo, na muuza asali amuulize taratibu nyuki wa Kariakoo wanatua kwenye maua gani. Mwache apande baiskeli kwenda Kwihara kupiga picha nyumba aliyokaa Livingstone, na apotelee kwenye mashamba ya tumbaku hadi mtoto wa darasa la pili amrudishe. Halafu ukurasa unaofuata mrudishie jembe, mwache na yeye aseme, mkali, bila huruma, yale anayoyaona kwetu ambayo sisi tumeyazoea. Hapo nitacheka mimi wa kwanza.

Na kabla hujapeleka igizo lako popote, fanya jambo moja. Lichukue, umkute mlinzi wa kwenye geti, au mama wa mkaa, au kijana aliyeshuka jana kutoka Nzega, umsomee. Usimsomee kwa simu, msomee uso kwa uso. Akicheka, sawa. Akinyamaza, muulize angejibu nini kama angekuwa yeye mle ndani. Atakalosema liandike kama lilivyo, lafudhi kwa lafudhi, na ulipe sentensi ya mwisho ya igizo lako.